Barua ya Wazi kwa Wenye Dhamana ya Bahari: Zuieni Nyasi Bahari Zisiendelee Kung'olewa

Kwa Waheshimiwa mnaosimamia bahari, uvuvi, mazingira na utalii katika pwani ya mashariki ya Unguja.

Assalamu alaikum warahmatullahi wabarakatuh.

YAH: KUNG'OLEWA KWA NYASI BAHARI MBELE YA VIJIJI VYETU

Baada ya salamu, tunaandika hadharani kwa sababu milango mingine tumeigonga yote. Tulianza kwa sheha, kama utaratibu unavyotaka. Sheha akatupeleka wilayani. Wilayani tukaambiwa tuandike barua, tukaandika. Barua ikapokewa, ikapigwa muhuri, na safari yake ikaishia hapo. Tulipofuatilia tukaambiwa faili liko kwa mkubwa. Tukaomba kuonana na mkubwa, tukaambiwa yuko safarini. Muda wote huo hoteli jirani imeendelea kuwalipa vijana washuke maji yakitoka, na majembe na reki, wang'oe majani yote mbele ya ufuo wake ili wageni wapate mchanga mtupu wa kuogelea. Kila tukiuliza tunaambiwa kibali kipo. Kukiona, hatujakiona. Hoteli hiyo hatuitaji jina, maana si peke yake inayofanya hivi, na kwa sababu lawama yetu kubwa ni kwa anayeruhusu.

Mtunzi wa hadithi za dunia za kufikirika angeweza kubuni mmea wa baharini unaomeza sauti: mmea ambao watu wa visiwa vyake wanautandaza juu ya dari za majumba, wanaujaza kutani, na samaki wanajificha ndani yake kelele za vita zisiwafikie. Msomaji angestaajabu na kutamani ungekuwapo. Waheshimiwa, mmea huo upo. Unaota mbele ya nyumba zetu, ndio huu unaorundikwa ufukweni na kuchomwa moto kama taka. Tunaomba mtusikilize hoja kwa hoja.

1. Kinachong'olewa ni mmea kamili. Nyasi bahari zina mizizi, zina shina linalotambaa chini ya mchanga, zinatoa maua na mbegu ndani ya maji ya chumvi. Si mwani, ambao hauna mizizi wala maua. Afrika Mashariki ina zaidi ya aina kumi za nyasi bahari, na nyingi kati yake zinapatikana katika maji ya Unguja. Mtu anayefyeka mwani uliojishika juu ya jiwe amekata kitu kitakachochipua. Mtu anayechimba nyasi bahari kwa jembe ameondoa mzizi, ameondoa shina, na mchanga uliokuwa umeshikwa na mizizi hiyo unachukuliwa na kusi ya mwaka huo huo. Wenyeji wa pwani hii wameona ufuo ukiliwa hadi minazi ikaanguka, na hoteli hizo hizo zikajenga kuta za mawe kujikinga na bahari ambayo zimeivua kinga yake.

2. Mmea huu hupunguza kelele baharini, na hili wengi wenu hamjawahi kuambiwa. Majini sauti husafiri kwa takriban mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani. Ndiyo maana mzamiaji huisikia injini kabla hajajua boti iko upande gani. Sasa, ndani ya jani la nyasi bahari mna vijia vya hewa vinavyopeleka oksijeni hadi kwenye mizizi iliyofukiwa katika tope lisilo na hewa. Jua likiwaka, jani hutengeneza oksijeni kwa wingi, hata vipovu vikaonekana vikipanda. Sauti inayopita majini ikikutana na hewa hiyo hutawanyika na kupoteza nguvu. Kila aliyeswali katika msikiti mpya kabla haujatandikwa mazulia anajua jinsi sauti ya imamu ilivyokuwa ikirudi ukutani, na jinsi ilivyotulia mazulia yalipoingia. Nyasi bahari zinafanya kazi hiyo katika sakafu ya bahari.

Hili halikutolewa katika ngano. Mwaka 1999, karibu na kisiwa cha Ustica nchini Italia, watafiti walipitisha sauti kwenye uwanda wa nyasi bahari aina ya Posidonia oceanica, wakaona inavyobadilika kadiri majani yanavyotoa oksijeni mchana na kupumzika usiku. Huko Texas, Marekani, wanasayansi walipima majani ya aina tatu za Ghuba ya Meksiko ndani ya maabara, wakakuta kwamba hewa iliyomo ndani ya jani, na umbile la jani lenyewe, vinabadili jinsi sauti inavyopita. Aina zote hizo tatu zina ndugu zake wa karibu hapa kwetu.

Kwa nini mvuvi ajali habari za sauti? Kwa sababu samaki anaishi kwa sauti. Utafiti uliochapishwa mwaka 2005, uliofanywa katika miamba ya Australia, ulionyesha kwamba samaki wachanga waliokuwa wakielea baharini walikwenda kwa wingi zaidi kwenye miamba iliyowekewa spika zinazotoa sauti za mwamba wenye uhai kuliko kwenye miamba iliyoachwa kimya. Yaani kisamaki kidogo kuliko ukucha husikiliza, kisha huchagua mahali pa kuishi. Mkiijaza bahari mngurumo wa injini, mkaondoa na kile kinachoupunguza, mnamfungia mlango kabla hajafika.

3. Kelele zenyewe zimezidi. Zamani bahari yetu ilikuwa na matanga. Leo kuna boti za kasi za kupeleka wageni kuwafukuza pomboo, kuna jeti-ski zinazozunguka upande wa ndani wa mwamba maji yakijaa, kuna boti za kuvuta maparachuti. Hatusemi utalii ukome. Watoto wetu wanafanya kazi humo. Tunasema hakuna aliyeweka njia. Boti inapita popote, panga la injini linakata majani maji yakiwa machache, na nanga inatupwa palepale penye nyasi.

Tena mmea huu, pamoja na uwezo wake, haukuumbwa kubeba kila kishindo. Mwaka 2021 watafiti wa Barcelona walichapisha matokeo yaliyotushtua: walipoiweka Posidonia katika sauti nzito za mngurumo mdogo, zile zinazotokana na shughuli za binadamu, chembechembe za wanga ambazo mzizi huzitumia kujua upande wa chini ziliharibika, na kuvu wanaoishi na mzizi huo kwa kusaidiana nao wakadhurika. Kwa hiyo mnaporuhusu kelele bila mpaka, mnaidhuru hata ile sehemu ya nyasi ambayo jembe halijaifikia.

Na msituambie kwamba kelele za baharini hazipimiki wala hazizuiliki. Mwaka 2015 chombo kilipita pwani nzima ya Tanzania Bara kikiwa na vinasa sauti vya majini, kikarekodi milipuko 318 ya uvuvi wa baruti, karibu asilimia 62 yake ikiwa ndani ya kilomita 80 kutoka Dar es Salaam. Uvuvi huo ulikuwa umeharamishwa tangu mwaka 1970. Vyombo vya dola vilipoamua kweli kushirikiana, milipuko ilipungua sana ndani ya miaka michache. Basi serikali ikitaka kusikia, inasikia.

4. Riziki. Tasi, pono na changu wanaoingia kwenye madema yetu, yaani mitego yetu ya kusuka, wanakulia katika nyasi bahari. Dema linategwa juu ya nyasi, hata majani ya kufunikia dema yanatoka humo humo. Wanawake wanaochokoa pweza, chaza na kombe maji yakitoka wanatembea juu ya nyasi hizo. Watu wa Chwaka wanalijua hili kuliko sisi, kwa maana ghuba yao yote ni nyasi na mikoko, na watafiti wamekuwa wakienda huko kwa miongo kadhaa kujifunza. Kasa anazila. Nguva haishi bila hizo. Wazee wa kwetu wanamsimulia tu, na waliobaki Tanzania wanaaminika kuwa zaidi upande wa Rufiji, Mafia na Kilwa. Hapa hatuna la kuongeza: palipong'olewa, dema linatoka tupu.

5. Mnachoma mali. Sehemu hii tunaomba msome kwa utulivu, kwa sababu ndiyo inayoonyesha mnachokikosa.

Katika kisiwa cha Læsø, Denmark, watu waliezeka nyumba kwa nyasi bahari zilizotupwa ufukweni na mawimbi. Paa hizo ni nene ajabu, na baadhi zimedumu kwa karne kadhaa. Mwaka 2013 ilijengwa huko nyumba ya kisasa kwa malighafi ile ile, ukutani na paani. Huko Nova Scotia, Kanada, watu walikusanya nyasi bahari aina ya Zostera marina, wakaikausha, na kampuni ya Samuel Cabot ya Boston, Marekani, ikaishona katikati ya karatasi ngumu. Bidhaa hiyo, Cabot's Quilt, iliuzwa tangu miaka ya 1890 kwa kazi mbili: kuzuia baridi, na kuua sauti isipite kutoka chumba hadi chumba. Wenye majengo ya fleti na skuli waliinunua kwa ajili hiyo. Kibanda ambacho msafara wa Kapteni Scott uliweka Cape Evans, Antaktika, mwaka 1911, kilijazwa mimea ya baharini iliyoshonewa ndani ya magunia ya juti, na kibanda hicho kinasimama hadi leo. Ujerumani wanatumia mabonge ya Posidonia yanayookotwa katika fukwe za Mediterania kwa kujazia kuta na mapaa. Malighafi hiyo haishiki moto kwa urahisi, na haiozi upesi.

Sasa tazameni skuli zetu. Masika yakishuka juu ya bati, mwalimu anaacha kufundisha. Si kwamba anapaza sauti. Anaacha kabisa, watoto wanainamisha vichwa juu ya madawati wakingoja. Skuli nyingi za vijijini hazina dari. Kipindi kinapotea, mvua ya pili inachukua kipindi cha pili, na mwisho wa mwaka mtoto huyo anafanya mtihani ule ule na mtoto wa mjini aliyesomea chini ya zege. Mita chache kutoka skuli hizo bahari inatupa majani makavu bure kila kusi, na hoteli zinalipa watu wayachome.

Hatusemi ufuo ukombwe wote. Majani yaliyolala ufukweni nayo yana kazi: yanazuia mchanga, yanalisha viumbe vidogo, na sehemu yake lazima ibaki. Tunachosema ni kwamba yale ambayo tayari yanakusanywa na kuchomwa yangeoshwa kwa maji ya mvua, yakakaushwa, yakashonewa kwenye magunia na kutandazwa chini ya bati la darasa moja kwa majaribio. Vyuo vyetu vina walimu wa uhandisi wanaoweza kupima sauti kabla na baada, wapime na moto, wapime na wadudu. Majani yetu si yale ya Denmark, na ndiyo sababu kipimo kinahitajika. Wanawake wanaoshona makuti na mikeka wanaijua kazi ya mkono iliyobaki. Tuliandika haya yote katika barua ile iliyopigwa muhuri.

Majibu tunayoyatarajia, tumeyasikia tayari mdomoni mwa wadogo wenu, na tunayajibu hapa.

Mtasema wageni hawapendi majani. Wageni hawakuulizwa. Wapo wanaolipa fedha kuja kuona kasa, na hakuna kasa pasipo malisho. Hoteli inayotaka mahali pa kuogelea ichague sehemu ambayo tangu asili ni mchanga, sehemu hizo zipo, au iweke gati la mbao la kupita juu ya nyasi.

Mtasema zitaota tena. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 ugonjwa uliiangamiza sehemu kubwa mno ya Zostera marina pande zote mbili za Atlantiki ya Kaskazini. Katika baadhi ya ghuba za Virginia, Marekani, hazikurudi zenyewe kwa karibu miaka 70, na uvuvi wa kombe ukafa. Zilirudi pale tu wanasayansi na wakazi waliojitolea walipozimwagia mbegu zaidi ya milioni 70, kazi ya zaidi ya miaka ishirini, ndipo zikaenea katika eneo la zaidi ya hekta 3,000. Nani katika ofisi zenu ametenga fedha za miaka ishirini? Utafiti uliotoka mwaka 2009 ulikadiria kwamba asilimia 29 ya eneo lote la nyasi bahari lililowahi kurekodiwa duniani limepotea tangu mwaka 1879. Hatutaki kijiji chetu kiongeze hesabu hiyo.

Mtasema hata wakulima wa mwani wanazing'oa. Ni kweli, wapo, na tumekaa nao. Mwani wa kulima uliingia Zanzibar mwaka 1989, ukawapa wanawake wa pwani hii fedha yao wenyewe kwa mara ya kwanza. Na wengi wa wakulima hadi leo ni wanawake. Mambo, yaani vigingi vya kufungia kamba za mwani, zikisimikwa juu ya nyasi, kamba zenye mwani hutia kivuli na miguu hukanyaga. Lakini mkulima huyo hajawahi kuonyeshwa na bwana shamba yeyote mahali bora pa kusimika. Mwonyesheni. Kumtaja yeye ili kumkinga mwenye jembe la hoteli ni kumdhulumu mara mbili.

Mtasema hakuna sheria. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya Zanzibar ya mwaka 2015 inataka tathmini ya athari kwa mazingira kwa shughuli zinazoweza kuleta madhara. Kuchimba sakafu ya bahari mbele ya kijiji cha wavuvi ni madhara. Kama tathmini ilifanyika, kijiji kilikuwa na haki ya kuulizwa, na hakuna mtu aliyetuuliza.

Mtasema hakuna fedha. Katika haya tunayoomba, mengi ni kalamu tu. Na pale panapohitaji fedha, angalieni Gazi, kusini mwa Kenya, ambako wanakijiji kupitia mradi wa Mikoko Pamoja wamekuwa wakiuza hewa ukaa inayohifadhiwa na mikoko tangu mwaka 2013, na mapato yakaingia kwenye maji na skuli. Nyasi bahari nazo zinahifadhi kaboni ndani ya tope lake. Mkiziacha zikaisha, hata kwenye biashara hiyo hatutakuwa na cha kupeleka.

Waheshimiwa, tunachoomba ni hiki:

1. Kung'oa nyasi bahari kusimame leo, kwa kila mtu, mpaka tathmini ifanyike na kusomwa mbele ya wanakijiji.

2. Vibali vyote vilivyotolewa kwa kazi hiyo viwekwe wazi: nani aliomba, nani alisaini, kwa eneo lipi. Kama kibali hakipo, mseme hivyo, na aliyedai kipo aulizwe.

3. Nyasi bahari za ukanda huu zichorwe ramani pamoja na kamati za wavuvi, ambao wanajua kila jiwe. Boti za kasi na jeti-ski zipewe njia zake na mwendo wake, yawekwe maboya ya kufungia ili nanga zisitupwe kwenye nyasi.

4. Wakulima wa mwani wapelekewe mtaalamu wa kuwasaidia kuhamisha mashamba yaliyo juu ya nyasi, na wasaidiwe mambo na kamba za kuanzia upya.

5. Darasa moja, katika skuli mtakayoichagua wenyewe, liwekwe dari la majaribio la majani makavu kabla ya masika yajayo. Magunia na kushona tutatoa sisi.

Mwezi Mei 2022 Umoja wa Mataifa ulitangaza kwamba tarehe 1 Machi ya kila mwaka ni Siku ya Nyasi Bahari Duniani, kwa azimio lililoletwa na Sri Lanka, nchi ya wavuvi kama sisi. Tunawapa mpaka 1 Machi ijayo kujibu. Isipofika majibu, wanasheria waliokubali kutusaidia bure watapeleka shauri hili mahakamani, na nyaraka tulizonazo, pamoja na picha za kabla na baada, watapewa waandishi wa habari wote watakaozitaka.

Jibu liwe la maandishi, lipitie kwa sheha, na libandikwe kwenye ubao wa matangazo ili kila mtu alisome mwenyewe. Ikiwa mtapenda kuja, njooni siku za bamvua, maji yakitoka asubuhi. Tutawatembeza palipong'olewa na palipobaki.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Kwa niaba ya wavuvi wa madema, wachokoaji na wazazi wa skuli,
Pwani ya mashariki, Unguja

Nakala:
Sheha wa shehia
Kamati ya wavuvi
Kamati ya skuli
Vyombo vya habari